Afadhali Muwafundishe Habari za Ngamia

Heaika mwana wa Issát,
Nyumba ya mwisho kabla ya ziwa,
Geađgejávri.

Jumatatu, 16 Februari

Kwa Mwalimu Mkuu,
Shule ya Msingi ya hapa kijijini.

Mheshimiwa Mwalimu Mkuu Sollaug,

YAH: SOMO LA THELUJI NA MADHARA YAKE KWA WAZEE

Natumaini barua hii inakukuta mzima, na mlango wa ofisi yako unafunguka, maana nilipopita jana niliona theluji imeuziba hadi kwenye kitasa. Sisi huku hatujambo, isipokuwa kwa hayo nitakayoyaeleza.

Mimi ni mtu mpole. Muulize yeyote, ila usimuulize shemeji yangu Niillas. Nimechunga kulungu, hawa wetu wa nchi ya theluji, tangu nikiwa na miaka sita, na kwa miaka thelathini na moja sasa familia tano zinazochunga pamoja zimenitegemea kwa jambo moja tu, nalo ni kuisoma theluji. Mimi ndiye ninayechomeka fimbo hadi ardhini, naizungusha, nasikiliza inavyolia, kisha nasema kama kulungu wataweza kuchimba na kula au hawataweza. Nikisema tubaki, tunabaki. Nikisema tuhame, watu wanaanza kufunga mizigo kabla sijamaliza kahawa. Sina cheo kingine duniani na sijawahi kukitafuta. Sasa cheo hicho kiko mashakani, na anayenipokonya ana umri wa miaka tisa, yuko darasa la nne shuleni kwako, na ni mjukuu wangu mwenyewe, Márgget.

Utakumbuka kwamba mwezi wa kwanza mlitutumia karatasi nyumbani, yenye picha ya mtu wa theluji anayetabasamu, mkitutangazia kuwa watoto wetu watafundishwa theluji kwa wiki sita kwa njia tatu: sayansi, utamaduni na michezo ya nje. Nilicheka. Nilimwambia mke wangu Gáren, "Mwaka ujao watawafundisha kupumua." Nilipoambiwa kwamba mwalimu mwenyewe ni yule kijana Eskil, kutoka pwani ya kusini ambako majira ya baridi ni mvua kuanzia mwanzo hadi mwisho, nilicheka tena. Mtu aliyeshuka kwenye basi mwezi wa nane akiwa na mwavuli. Sasa sicheki, na malalamiko yangu nayapanga kwa namba ili ofisi yako isihangaike.

1. Sayansi, upande wa viazi.

Wiki ya kwanza mtoto alirudi nyumbani na habari kwamba theluji ni blanketi. Nilimwambia hilo nalijua, nimelala ndani ya theluji mara nyingi kuliko yeye alivyolala kitandani. Akasema, "Unajua, Babu, lakini umepima?"

Sikuwa nimepima. Kesho yake alichukua koleo akaondoa theluji yote iliyokuwa juu ya nusu moja ya shimo letu la kuhifadhia viazi. Nusu ya pili aliiacha kama ilivyo. Akachomeka vipimajoto viwili vya shule, akaja kula, akalala. Baridi ya usiku ule ilifika nyuzi thelathini na nne chini ya sifuri. Asubuhi viazi vya nusu moja vilikuwa vizima kabisa, na vya nusu nyingine ungeweza kuvunjia dirisha. Gáren alisimama pale shimoni akilengwalengwa na machozi. Márgget aliandika daftarini, kwa mwandiko safi ambao siulalamikii, kwamba jaribio limefaulu.

Mwalimu Eskil alimpa nyota. Sisi tumebaki na viazi vilivyoganda, vyenye utamu wa ajabu ambao hakuna aliyeuomba, na kila tukikaa mezani tunaelezwa kwa nini vimekuwa vitamu.

2. Sayansi, upande wa mkono wangu.

Mmewapa watoto vioo vya kukuzia ili watazame chembe za theluji zinavyoumbika, kila moja na pembe zake sita. Sina neno na pembe. Lakini chembe hizo zinataka kitu cheusi cha kutulia, na kitu cheusi kilichopo nyumbani kwetu ni sweta yangu. Kwa hiyo kila theluji ikianza kuanguka ninaitwa nje, nanyoosha mkono, na nasimama hivyo robo saa nzima huku watoto wanne wakinipumulia na kukatazana kunipumulia. Nilipouliza kwa nini wasimtumie Niillas, ambaye pia ana sweta nyeusi, mjukuu wangu alisema, "Mkono wa Mjomba Niillas una moto, Babu. Wako hauyeyushi."

Naomba kuuliza kama hayo ni maneno ya kumwambia mtu mzima mbele ya watoto wa wenzake.

3. Sayansi, upande wa masikio.

Hili naliandika kwa uchungu. Mmewafundisha kwamba theluji mpya, ile laini, humeza sauti. Ni kweli, inameza. Kazi ya nyumbani ilikuwa kupima inameza kiasi gani. Mtoto anasimama mbali anataja jina la mnyama kwa sauti ya kawaida, msikilizaji anainua mkono akisikia. Asiposikia, mtoto anasogea hatua kumi.

Gáren aliinua mkono wakati mtoto yuko karibu na kibanda cha kuni. Mimi nilikuwa bado nasubiri aanze. Mtoto akasogea hatua kumi, nami nikasubiri. Akasogea tena. Nilipoinua mkono alikuwa amefika mahali ambapo ningeweza kumshika kofia, na Gáren ananiambia mnyama huyo alikuwa ametajwa mara tisa. Nilimweleza Márgget kwamba theluji ya mwaka huu inameza sauti vibaya sana, hasa ile ya upande wangu. Alinitazama, akaandika kitu, akafunga daftari kabla sijakisoma.

Sina tatizo la masikio. Watu wa siku hizi wanazungumza wakiwa wamefumba midomo, na wanapoambiwa warudie wanakasirika. Naomba shule iwafundishe watoto kufungua midomo, na theluji ijifundishe yenyewe.

4. Utamaduni.

Hapa, Mheshimiwa, ndipo mlipotaka kunitoa damu puani. Mliwatuma watoto wakamhoji mzee kuhusu theluji na ufugaji. Kijiji kina wazee saba. Watoto kumi na mmoja walikuja kwangu, kwa sababu Gáren hukata jibini vipande vinene anapowawekea wageni kwenye kahawa, hata watoto, na habari hiyo imeenea. Niliwapokea vizuri. Niliwaeleza juu ya theluji inayobeba mtu asubuhi na kumwangusha mchana. Niliwaeleza juu ya theluji ya chini kabisa, ile ya punje punje inayomwagika mkononi kama chumvi, ambayo kulungu wanaipenda kwa kuwa wakiipiga kwato moja tu, chakula hiki hapa. Niliongea saa mbili. Nilikuwa, sioni haya kusema, mtamu.

Kisha tukafika swali la nne, lililopigwa chapa kwenye karatasi ya shule yako: "Mzee, una kulungu wangapi?"

Vichwa vyote viliinamia vikombe. Watoto wa hapa wanajua kwamba swali hilo haliulizwi. Mimi sijawahi kumuuliza baba yangu, na Niillas, pamoja na ukosefu wake wote wa adabu, hajawahi kuniuliza mimi. Ni sawa na kumwambia mtu avue shati ili umhesabu mbavu. Mtoto aliyeshika karatasi, kitukuu wa rafiki yangu, alikuwa mwekundu hadi masikioni, lakini kazi ya nyumbani ni kazi ya nyumbani. Nikajibu kama tunavyojibu. Nilisema, "Wapo. Wengine huku, wengine kule."

Jibu hilo liko sasa kwenye ubao wa ukumbi wa shule yako, ndani ya jedwali la rangi. Mbele ya jina langu pameandikwa: "Huku na kule. Hajui idadi." Mbele ya jina la Niillas, ambaye aliwajibu watoto kwamba ana mmoja na anachechemea, pameandikwa: "Mmoja." Mwalimu Eskil ameongeza kwa kalamu nyekundu kwamba wastani wa kijiji hauwezi kupatikana. Wiki nzima watu wananisimamisha dukani wakinipa pole, wengine wakijitolea kunisaidia kuhesabu. Muuza duka aliniuliza kama nataka kuanza na pakiti za maziwa alizonazo kabatini.

Yule kijana alikuja kuomba radhi, sitamnyima haki yake. Alikuja kwa mbao za kuteleza, akaanguka mara mbili kati ya barabara na mlango wetu. Akasema, "Samahani sana, mzee wangu, sikujua. Kwetu tunaulizana." Nikamwambia, "Kwenu mnaulizana nini?" Akasema, "Una samaki wangapi." Nilimpa kahawa. Lakini jedwali bado liko ubaoni.

5. Michezo ya nje.

Kila Jumatano mnawapeleka watoto kwenye malisho yetu ya majira haya, upande wa magharibi wa kilima, wakacheze. Kuteleza kwa ngozi ya kulungu sikatai, kurusha kamba ya kitanzi kwenye pembe zilizochomekwa sikatai, hata mwalimu wao kunaswa kwa kitanzi sikatai, na nilikuwepo nikashuhudia. Ninachokataa ni mashimo. Mmewafundisha kuchimba shimo kutoka juu ya theluji hadi ardhini, wapate ukuta ulionyooka, kisha wausome kama kurasa: hii ilianguka Oktoba, hii ililetwa na upepo, hii ni siku ile Márgget alipougua mafua. Huko chini kabisa wanapiga kitu kwa koleo mpaka kinavunjika, wanakitoa na kukirusha pembeni, wanapima, wanaandika, wanakwenda kunywa chai.

Malisho yangu sasa yamejaa mashimo arobaini na mbili ya kielimu. Pikipiki yangu ya theluji imetumbukia katika mawili. Na si hayo tu. Kulungu wangu wameacha kuchimba wenyewe. Wanasimama kwenye kilima wakisubiri Jumatano. Watoto wakitokea, kundi zima linateremka kuwafuata, na watoto wakiondoka, kulungu wanaingia mashimoni mmoja mmoja na kula kana kwamba hawajaona chakula tangu Krismasi. Siku nyingine sita wanazurura, wananusa theluji, wanaondoka. Nimewafuga maisha yangu yote na sasa wanawaona watoto wa darasa la nne kuwa ndio wenye mali. Hii ni tabia mbaya waliyofundishwa na shule.

6. Jumamosi.

Yote hayo ningeyameza. Hili la Jumamosi halipiti kooni.

Familia tano zilikuja kwangu, kama zinavyokuja kila mwaka wakati huu, kusikia neno langu: tubaki magharibi hadi Pasaka, au tuhame. Jambo lenyewe si dogo. Majike wote wana mimba, na jike asiyekula Februari hazai Mei, au anazaa kitu ambacho hakisimami. Gáren alikuwa ameweka kahawa, nyama kavu na jibini. Watu walikuwa wamekaa hadi kwenye sanduku la kuni. Nami nilikuwa nimekwenda asubuhi na fimbo yangu, nikaichomeka mahali panapostahili, nikaizungusha, nikasikiliza, na sikusikia ubaya wowote. Nikasimama nikasema, "Theluji ni nzuri. Tunabaki."

Wakaitikia. Ánte, mwanangu, alikuwa tayari anachukua kipande cha pili cha nyama. Ndipo sauti ikatoka karibu na jiko, na hiyo niliisikia vizuri kabisa. "Babu, chini kuna barafu."

Watu walicheka kwa upole, kama mnavyomchekea mtoto. Ánte, ambaye ni baba yake, akamwambia, "Márgget, wakubwa wanaongea."

"Ndiyo, lakini kuna barafu. Unene wa vidole viwili. Kwenye mashimo thelathini na tisa kati ya arobaini na mbili. Ile mvua ya Novemba iliganda juu ya chakula chao. Ninayo hapa." Akafungua daftari.

Nilimwambia kwamba babu yake alikuwa anasoma theluji kabla ya baba wa mwalimu wake kuzaliwa. Akasema, "Najua, Babu." Hakusema kwa ufedhuli, na hilo ndilo lililoniuma. Niillas, ambaye amenisubiri nikosee tangu nilipomwoa dada yake, aliinuka, akachukua koleo la mtoto mlangoni, akawasha pikipiki yake na kuondoka. Tulikaa tukinywa kahawa. Alirudi baada ya nusu saa na bamba la barafu, pana kama sinia, akaliweka mezani kando ya jibini. Ndani yake ungeweza kuiona ile kuvumwani nyeupe inayoota ardhini, chakula chenyewe cha kulungu, imefungiwa humo. Niillas akasema, "Shemeji, hii umeisikia inasemaje?"

Nilijibu kwamba barafu hiyo imetoka mahali pamoja tu, pale watoto walipokanyaga. Hakuna aliyenibishia, na kwa miaka thelathini na moja sijawahi kuchukia kutobishiwa kama siku ile. Walivaa makoti yao. Mlangoni Niillas akasema, bila utani sasa, "Tunakusubiri wewe, Heaika. Mpaka Ijumaa. Ukisema tubaki tutabaki, lakini kaangalie tena." Nikamwambia nimeshaangalia.

Walipoondoka Gáren alikusanya vikombe. Akaniuliza jambo, akiwa amenipa mgongo, na nikamwomba arudie. Akageuka, akasema polepole, "Ndilo hilo nilikuwa nakuuliza."

Kwa kuwa sasa unaona ukubwa wa dhuluma, Mheshimiwa, naleta maombi yangu, nayo ni haya:

(a) Somo la theluji lifutwe mara moja, na mahali pake watoto wafundishwe habari za ngamia. Nimefikiri sana juu ya ngamia. Ni mnyama mwenye sayansi nyingi, utamaduni haukosi, na hakuna mtoto wa hapa atakayerudi nyumbani na kumkosoa babu yake kuhusu ngamia. Kama ngamia hatoshi, kuna twiga na kuna volkeno. Dunia imejaa vitu visivyonihusu, na hivyo ndivyo elimu inapaswa kushughulika navyo.

(b) Koleo, vipimajoto, vioo vya kukuzia na daftari la bluu lenye jina la Márgget vikabidhiwe kwangu hadi atakapofikisha miaka arobaini. Umri huo mtu huwa ameanza kukosea mwenyewe, na anakuwa na huruma.

(c) Shule itoe tangazo kwamba kusoma theluji ni kazi ya mtu mmoja katika kila kundi la wafugaji, na mtu huyo akiwa hai, theluji haina budi kumsubiri.

(d) Kabla ya Ijumaa, ofisi yako iniandikie cheti chenye mhuri, kinachosema kwamba vipimo vya darasa la nne vilikuwa na makosa, na kwamba chini ya theluji ya malisho ya magharibi hakuna barafu. Nitakibandika mlangoni ili familia tano zikisome. Najua utajiuliza itakuwaje kulungu wenyewe wasipokubaliana na cheti. Nami nimejiuliza. Basi cheti kiwe na mihuri miwili.

(e) Ikiwa (d) haiwezekani kwa sababu za kitaaluma, naomba barafu hiyo iondolewe. Ni shule iliyoigundua, na kabla ya shule kuigundua haikuwa ikimsumbua mtu yeyote.

Nategemea busara yako. Sina chuki na elimu. Mimi mwenyewe nilisoma miaka saba, katika bweni la mbali ambako tulikatazwa hata kuongea lugha yetu, na neno theluji nililisikia darasani mara moja tu, ndani ya wimbo wa watu wengine. Nilijifunza kilichobaki kwa baba yangu, nikiwa nimeshika fimbo chini ya mkono wake. Nilidhani nami nitamfundisha mtu namna hiyo, wakati wangu utakapofika, nikiwa tayari. Hakuna aliyeniambia kwamba wakati huo ulipangwa kwenye ratiba, Jumatano saa nne asubuhi.

Nisalimie walimu wote, mpishi, na yule mama anayeondoa theluji mlangoni, mwambie aanzie juu. Nisalimie dereva wa basi la shule. Mwalimu Eskil naye msalimie, umwambie mbao zake za kuteleza amezivaa kulia kushoto na kushoto kulia. Gáren anakusalimu na anasema viazi vipo, ukivitaka.

Nabaki mfugaji mwenzako katika uongozi,

Heaika mwana wa Issát,
Msomaji wa theluji (hadi Ijumaa)

TANBIHI, Alhamisi jioni:

Barua hii imekaa mezani siku tatu kwa sababu gari la posta limekwama upande wa pili wa kilima. Gáren alinishauri niichane. Sikuichana, kwa kuwa nimetumia karatasi nzuri, lakini naomba uisome pamoja na haya.

Jana alfajiri nilikwenda malishoni peke yangu na fimbo, kutafuta ushahidi wa kuwakomesha watu. Niliichomeka mahali saba. Mara zote saba nilisikia theluji nzuri, yaani sikusikia chochote. Nilipogeuka kuondoka, Márgget alikuwa nyuma yangu juu ya mbao zake, uso umeiva kwa baridi. Alikuwa ameniita tangu barabarani, na sijui ni mara ngapi.

Hakufungua daftari. Alisema, "Babu, vua glavu." Nikavua. Akachimba kidogo, akaushika mkono wangu akaushusha hadi chini kabisa ya fimbo, nikiwa nimepiga magoti na shavu langu liko kwenye theluji. Kisha yeye akaishika fimbo juu, akaisukuma. Niliihisi barafu ikigonga kwenye mfupa wa kiganja. Akasukuma tena, hatua mbili mbele, ikagonga. Tukaenda hivyo kama jozi ya wendawazimu, kutoka mwanzo hadi mwisho wa malisho yangu, na ilikuwa inagonga kila mahali. Akasema, "Ndivyo inavyolia, Babu. Ulikuwa unaisikiliza kwa sikio, ndiyo maana."

Nilikaa chini nikalia. Nililia kwa ajili ya majike, ambao ningewaua kwa neno moja, na nililia kwa ajili yangu. Mtoto akakaa karibu nami. Hakusema kitu, au alisema na sikusikia. Baadaye akanivuta mkono wa koti ili nimtazame mdomo, akauliza, "Sasa tuwapeleke wapi?"

Hilo hakulijua, Mheshimiwa. Halimo kwenye daftari. Niligundua kwamba mimi nalijua bila hata kufikiri: bonde la juu, mashariki, kule ambako mvua ile ya Novemba haikuwa mvua, ilishuka ikiwa theluji tayari. Baba yangu aliwapeleka huko mwaka mbaya, mimi nikiwa na miaka tisa. Nilimweleza njia yote. Aliiandika.

Leo asubuhi familia tano zimekuja. Niillas akauliza, "Haya, nani amesema tuhame?" Nikamjibu kwamba kuhama amesema Márgget, na wapi nimesema mimi. Alitutazama mmoja baada ya mwingine, akavaa kofia, akaenda kuwasha pikipiki. Tunaondoka kesho kabla jua halijachomoza.

Kwa hiyo naomba (a) hadi (e) ziwekwe kando. Badala yake naomba Márgget aruhusiwe kukosa shule kwa wiki mbili, kwa kuwa nusu ya kazi hii siiwezi bila yeye. Koleo na vipimajoto ataondoka navyo. Mwalimu Eskil akitaka kuja, nafasi ipo hemani, na maswali aulize yote.

Na jambo la mwisho, ambalo nimemwambia Gáren leo, na wewe ni wa pili kuambiwa. Mwaka ujao mtakapoanza tena somo hili, naomba na mimi kiti kimoja darasani. Kiwe mstari wa mbele kabisa, karibu na mwalimu. Nyuma sisikii.